Mjusi wa Bahari Hana Miguu

Vijana, jana niliwafukuza nyumbani kwangu na mpaka saa hizi sijapoa. Mlifika hapa Ihumwa mmependeza, shikamoo zikawa nyingi, nikaitika marahaba, nikabandika chai. Kisha mkakunjua lile bango lenu. DINOSARIA WETU, herufi kubwa kama tangazo la sabuni, na chini yake picha ya yule mnyama kasimama kwa miguu minne, shingo juu kama twiga, na kila mguu una kucha. Kucha! Mkaniambia mnataka "kumbukumbu fupi tu, bibi, za kuchekesha, za kubandika ukumbini." Nikawaambia tokeni. Wakati nawasindikiza kwa matusi, chai ikakauka na sufuria ikaungua, na hiyo nayo naihesabu juu yenu.

Yule binti mwenye miwani, aliyejitambulisha kwa jina la Neema, alifika getini akageuka. "Samahani bibi. Tumekosea wapi?" Hakuuliza kwa kiburi. Nilifunga mlango hivyo hivyo, lakini swali lake likanisumbua mpaka kukakucha. Basi nawajibu kwa ujumbe huu wa sauti. Za kuchekesha zimo, msiwe na wasiwasi. Ila mtanisikiliza mpaka mwisho, kwa sababu mwishoni nina jambo kuhusu kasia, na jambo hilo haliwezi kunisubiri mwaka mwingine.

Naitwa Damari, mzaliwa wa milima ya Kibakwe, fundi sanifu mstaafu wa chumba cha visukuku katika hiyo ofisi yenu ya miamba hapa Dodoma. "Mstaafu" ni neno la heshima tu, nilipunguzwa. Kisukuku mnakijua, ni mfupa au gamba la kiumbe wa kale lililogeuka jiwe. Kazi yangu ilikuwa kuutoa mfupa ndani ya mwamba bila kuuumiza. Watu walidhani nashinda na nyundo. Nyundo ya nini? Ile ni kazi ya sindano, mswaki wa meno, na subira ya mtu anayechambua mchele wa sherehe peke yake.

Aliyenifundisha ni Bwana Kapinga, mtaalamu wetu wa visukuku, mtu wa Songea. Alisoma ng'ambo, akarudi na digrii zake akakuta chumba hakina hata balbu. Mtu mpole, sauti ya chini, lakini mbishi kupita punda wa maji. Somo lake la kwanza halikuwa kitabuni. Alinipa mawe mawili ya rangi moja, akasema, "Damari, lamba."

Nikamtazama. Nilikuwa msichana mgeni kazini, nimevaa sketi ya kanisani, na mwanamume mzima ananiambia nilambe mawe!

"Lamba, mwanangu. Jiwe la kawaida linateleza ulimini. Mfupa una vitundu vidogo, hata ukigeuka jiwe, kwa hiyo unanata."

Nikalamba. La kwanza likateleza. La pili likaninata ulimini nikajikuta naning'inia nalo mdomoni kama ng'ombe aliyelamba chumvi. Tangu siku hiyo nililamba kila kitu. Tulipokwenda Kusini kutafuta visukuku, mimi ndiye niliyekuwa mbele ya wote, ulimi nje. Nikaona kitu cheupe, cha duara, kimekauka vizuri. Nikakilamba. Kikanata sawasawa! Nikapiga kelele, "Bwana Kapinga, mfupa! Mfupa wa kale!" Wakaja mbio. Mpagazi mmoja, mwenyeji wa kule, akakitazama, akanitazama mimi, akakaa chini kabisa ili acheke vizuri. Kilikuwa kinyesi cha fisi. Fisi anakula mifupa, kwa hiyo choo chake ni unga wa mifupa, na ulimi haukudanganya hata kidogo. Nilisukutua kwa maji, nikasukutua kwa chai, na jioni nilipokataa chakula Bwana Kapinga akasema, "Mwacheni, Damari ameshakula." Watu wa kazi hii wote wana kisa cha namna hiyo. Asiye nacho hajawahi kwenda porini, msimwamini.

Haya, mmecheka. Sasa tuongee.

Stoo yetu ilikuwa na kreti kubwa ya mbao iliyoletwa toka Kusini enzi za mkoloni, ikasahauliwa chini ya mahema ya safari. Ubavuni mwake paliandikwa kwa rangi nyeusi: ENALIOSAURIA. Siku tulipoifungua nilimuuliza Bwana Kapinga maana ya neno hilo.

"Ni neno la wataalamu wa zamani," akasema. "Maana yake mijusi wa baharini. Walipoanza kuokota mifupa ya watambaazi walioishi baharini, waliwatia wote kapu moja. Mwenye umbo la pomboo humo, mwenye shingo ndefu na makasia manne humo. Wote enaliosauria."

"Na siku hizi?"

"Siku hizi halitumiki. Limestaafu."

"Kosa lake nini?"

Akavuta kigoda akaketi. Alikuwa hafundishi akiwa amesimama. "Wewe Mgogo wa Kibakwe. Mimi Mngoni. Mlinzi wetu Mrangi, karani Mchaga. Sote tunaishi Dodoma na tunakula vumbi moja. Sisi ni ukoo mmoja?"

"Hata kidogo."

"Akija mtu akatuita sote ukoo wa Vumbi?"

Nikacheka. "Atakuwa ametaja tunapoishi. Tulikotoka hajapajua."

"Ndilo kosa la neno hilo. Bahari inawafinyanga wanaoishi ndani yake mpaka wafanane. Mwenye umbo la pomboo ni ikthiosauri. Wa shingo ndefu na makasia ni plesiosauri, huyu wetu. Kuna mwingine, mosasauri, na yeye jamaa zake ni kenge na nyoka. Kila mmoja kwao ni kwingine. Ukiwa na mgeni sema mjusi wa bahari, hakuna ubaya, atakuelewa. Ukiwa kazini taja ukoo."

"Na dinosaria je?"

"Hakuna hata mmoja wao aliye dinosaria. Dinosaria ni ukoo mwingine kabisa. Miguu yao iko chini ya mwili, inabeba uzito kama miguu ya meza. Huyu wetu hana mguu wa kusimamia. Ana kasia."

Mnasikia, vijana? Jambo lenyewe halikumchukua hata muda wa kunywa kikombe cha uji kulieleza. Ninyi mna kompyuta mpaka mifukoni, halafu mnaniletea bango!

Ndani ya kreti kulikuwa na shingo nusu, mbavu, mifupa ya bega, na vipande vya makasia matatu yaliyosagika. Lakini kasia la nne, la mbele kulia, lilikuwa zima. Zima! Limelala ndani ya mwamba kama mkono wa mtoto ndani ya blanketi. Bwana Kapinga aliponyanyua taa na kuliona akasema, "Hili lako."

Basi likawa langu. Sindano kwa sindano. Mfupa wa juu wa mkono ule ni mfupi na bapa, umepanuka mwishoni kama mwiko wa kusongea ugali. Baada yake vinafuata vifupa vya kifundo, vimebanana kama mawe ya sakafu. Halafu vidole. Mimi na wewe kidole kina pingili tatu. Yule mnyama pingili zake zinakwenda tu, nyingine nyuma ya nyingine, kama muwa, kila moja ndogo kuliko iliyotangulia, mpaka ya mwisho unaweza kuidhania punje ya mtama. Nilizitoa moja moja kwenye mwamba, nikazilaza kwenye sinia la mchanga kwa mpangilio wake. Nilianza kazi hiyo sina mtoto, nikamaliza mwanangu wa kwanza anakimbia. Filamu za kupigia picha hazikuwepo, na mchoraji wetu alikwisha kwenda kulima zabibu kwa sababu mshahara haukumtosha. Mpangilio ule ulikaa kichwani mwangu na vidoleni mwangu. Sikuona ubaya. Nilidhani nitakuwepo siku zote.

Gundi tulikuwa tunapika wenyewe. Ya ng'ambo ilikuwa haifiki. Mwanzoni tulihangaika na gundi ya mbao, ikifika mwezi wa kumi joto linailegeza na mifupa inaachana. Halafu zikaja enzi za ruksa, biashara ikafunguliwa, maduka ya pale sokoni yakajaa vitu, na sitawadanganya, nilifurahi. Nilipata dawa ya kufutia rangi ya kucha. Unachukua plastiki ngumu inayoonyesha, unaivunjavunja, unailoweka humo kwenye chupa yenye kifuniko, unasubiri. Inayeyuka inakuwa gundi safi, haigeuki njano, na ukikosea unaifuta kwa dawa ile ile. Andikeni hilo! Gundi isiyofutika usiipake kwenye mfupa, kwa sababu iko siku utakosea. Nilinunua chupa nyingi mpaka mama mwenye duka la urembo akaniuliza, "Dada, una kucha ngapi wewe?" Na kucha zangu zenyewe zilikuwa zimekatika zote kwa mwamba.

Kwa hiyo sisemi ruksa ilikuwa mbaya yote. Nasema iliwafungulia mlango watu fulani ambao kila wanachokiona wanauliza kitauzwaje. Mmoja wao akaletwa kuwa mkuu wetu. Jina lake silisemi, ameshakufa na ana watoto. Sisi tulimwita Bwana Mradi. Kila kitu kwake mradi. Uwanja wa nyuma mradi wa kuosha magari, bomba la mvua mradi wa bustani. Kipya kinyemi ingawa kidonda, na siku za mwanzo tulimpigia makofi.

Akaingia chumba chetu Bunge linakaribia. Mnajua mji huu Bunge likikaribia unavyokuwa, nyumba za wageni zinapakwa rangi, hata kuku bei inapanda. Akaona mifupa mezani.

"Hii nini?"

"Plesiosauri, mzee," akasema Bwana Kapinga. "Mjusi wa bahari."

"Dinosaria."

"Hapana, mzee. Mjusi wa bahari."

"Kapinga. Nani atalipa kiingilio Dodoma kuja kuona mjusi? Mijusi wamejaa ukutani kwake, anawaona bure. Waheshimiwa wanakuja na wageni wao. Nataka dinosaria, amesimama, pale ukumbini."

"Hawezi kusimama. Haya ni makasia."

"Atasimamishwa."

Bwana Kapinga hakupandisha sauti. Alimweleza habari za mguu na kasia kama alivyonieleza mimi. Halafu akampa wazo ambalo mpaka leo nikilikumbuka machozi yananilengalenga. Akasema, tumning'inize. Tumtundike darini kwa nyaya, makasia yametanda, shingo imenyooka mbele, kama anaogelea. Watu waingie chini yake wainue macho. "Hapa Dodoma, mzee, mahali pasipo na maji. Watasimama chini ya bahari."

Niliona kabisa akilini mwangu. Nilimwona mama yangu mzazi, ambaye hajawahi kuona bahari, kasimama pale na khanga yake, mdomo wazi.

Bwana Mradi akacheka. "Nyoka wa kuning'inia? Watasema tunafanya uchawi."

Wakabishana. Bwana Kapinga akasema kwa heshima zote kwamba yeye hatasimamisha mjusi wa bahari wala hataruhusu mtu atoboe mfupa. Haikupita wiki akahamishiwa upande wa visima, kwenda kukaa porini na wachimbaji, msomi wa mifupa anapima matope. Aliondoka na begi moja. Mlangoni akaniambia, "Wewe linda kasia." Hakusema lingine.

Nikabaki peke yangu. Bwana Mradi akamleta Fundi Shabani, mchomeleaji wa mageti toka mtaa wa jirani. Simlaumu Shabani, nataka hilo lieleweke. Alikuwa mtu mwema mwenye watoto wengi na kazi chache. Alipewa kuunda mnyama toka kwenye picha ya kalenda, na alichokiona kwenye kalenda ndicho alichokifanya. Miguu mitatu akaijenga kwa nondo na saruji. Akaitia kucha kwa sababu, aliniambia mwenyewe, "Dada, mnyama mkubwa hivi bila kucha watu watamdharau." Mguu wa nne, Bwana Mradi akataka uwe mfupa wenyewe, ili wageni waguse kitu halisi.

Hapo ndipo nilipomfuata ofisini. Nilimwamkia, nikasimama, nikamwambia: mzee, nakuomba. Miguu mitatu ni ya saruji, wa nne nao nitaufinyanga kwa plasta, nitaupaka rangi, hata wewe hutaujua. Kasia halisi tulilaze kwenye sanduku la kioo, watu walitazame. Nilibembeleza. Mimi Damari, nisiyebembeleza hata mume, nilibembeleza.

Akafikiri. Akasema, "Sawa. Wazo zuri. Lakini plasta hatuna."

"Nitaipata, mzee. Hospitali ya misheni kule Mvumi wanayo, ile ya kufungia waliovunjika. Wakituuzia kidogo inatosha."

"Chukua gari. Nenda."

Nilikwenda Mvumi nikiimba. Mnanielewa? Nikiimba nyimbo za kwaya ndani ya Landrova, dereva ananishangaa. Kule nikaonana na muuguzi mkuu, tukasalimiana, nikamweleza nataka plasta ya kumtengenezea mnyama mguu. Akauliza ng'ombe wangu amevunjikia wapi. Nilipomweleza habari yenyewe akacheka mpaka akafuta macho, akanipa, na akakataa hela. Nikarudi mchana huo huo na mfuko wa plasta mapajani, sikutaka hata uguse sakafu ya gari.

Nilipoingia ukumbini nilisikia harufu kwanza. Mfupa wa kale ukitobolewa kwa mashine unatoa harufu kama ya baruti. Kasia langu lilikuwa limesimama wima. Nondo imepita katikati ya mfupa wa mwiko, imetokea upande wa pili, vidole vimepindishwa chini na kushikizwa kwa waya. Unga mweupe umetapakaa sakafuni. Fundi Shabani alikuwa ameketi pembeni na hakunitazama.

"Dada, nilimwambia tukusubiri," akasema. "Mzee alisema wewe ndiye uliyekubali."

Nikamfuata Bwana Mradi. Akasema bila hata kuinua kichwa, "Ulikuwa unachelewesha kazi, Damari. Nilitaka ukapunge upepo."

Alinituma Mvumi ili nisiwepo! Mimi naimba kwaya njiani, huku wanatoboa! Jamani, nimezika mume, nimezika kaka, nimesamehe watu walioniibia ng'ombe. Hili limekaa hapa kifuani mpaka leo, na mchungaji wangu nimeshamwambia asinisumbue nalo.

Nataka mwelewe chanzo chake, maana ndilo jibu la Neema. Bwana Mradi hakuichukia ile mifupa. Alimwita mnyama dinosaria, na dinosaria lazima awe na miguu, na mguu lazima usimame, na ukisimama lazima uwe na nondo. Alianza na jina tu. Mkono wa fundi ulifuata jina lile hatua kwa hatua mpaka ukafika kwenye mfupa. Ndiyo maana nikisikia kijana anasema "aa bibi, ni jina tu, watu wanaelewa zaidi hivyo," damu inanipanda.

Waheshimiwa walikuja. Walilipa, waligusa, walipiga picha wamemshika bega. Bunge likaahirishwa, wageni wakaondoka, ukumbi ukabaki na mimi na vumbi. Ikawa kazi yangu kumfuta vumbi. Asubuhi moja niko chini yake na kitambaa, nikasikia mlio kama bua kavu linapokanyagwa. Nikaruka nyuma. Mfupa wa mwiko ulipasuka pale pale kwenye tundu la nondo, bega likashuka, na vidole vyote vikamwagika kwenye saruji. Pingili zile zilivyodunda! Nyingine zilikwenda mpaka chini ya makabati, nyingine zikavingirika mpaka mlangoni.

Bwana Mradi akatoka kutazama. Akasema, "Fagieni."

Kuna mtu alikwisha kuleta ufagio. Nikamwambia akiufikisha ule ufagio sakafuni nitamvunja nao mgongo. Nikapiga magoti. Nilitambaa ule ukumbi wote, naokota, na kila nilichotilia shaka kama ni mfupa au kokoto nilikilamba. Ndiyo, nililamba sakafu ya ofisi, mbele ya makarani. Walioniona walisema Damari amerukwa na akili. Wahenga wanasema maji yakimwagika hayazoleki. Mifupa si maji, mifupa inazoleka, kama kuna mtu atakayeinama. Nikavitia vyote kwenye sinia la mchanga, nikafunika kwa gunia. Fundi Shabani akaitwa tena, akajenga mguu wa nne wa saruji, na kucha zake. Ndiye huyo mliyempiga picha mkamtia kwenye bango.

Wakati wa kupunguza wafanyakazi ulipofika, jina langu halikukosekana. Niliomba angalau nibaki hadi niliunge tena kasia. Nikaambiwa chumba kinakodishwa.

Bwana Kapinga alipita hapa Ihumwa baadaye, amekonda, ngozi imeungua na jua la visimani. Nilimweleza yote. Nilidhani atatukana, angalau mara moja maishani. Akasikiliza, kisha akauliza, "Umeokota zote?"

"Nimeokota zote nilizoziona."

"Basi bado yupo."

Akanywa uji wake akaondoka. Alifariki kwao Songea, kazi yake ya mifupa hakurudishiwa.

Sasa kuhusu kasia. Liko kwenye stoo yenu, ukutani upande wa kaskazini, kwenye sinia la mchanga, chini ya gunia, kama hamjalimwaga. Mara nyingi nimekwenda kuomba niingie. Mlinzi anasema wastaafu hawaruhusiwi bila mwenyeji. Hakuna mchoro, hakuna picha. Pingili ipi inafuata ipi najua mimi, kwa sababu kila moja niliitoa mwenyewe kwenye mwamba. Nikizishika nitazijua. Lakini jicho la kushoto lina mtoto wa jicho, na mkono huu wa kulia umeanza kutetemeka asubuhi. Nikiondoka mimi, mtabaki na sinia la kokoto, na wala hamtajua kwamba mlikuwa na kitu.

Kwa hiyo rudini. Bango liacheni huko huko. Neema, wewe ndiye uwe mwenyeji. Liombe sinia kwa wakubwa wako, likubaliwe litoke kihalali. Mlipakate mapajani, msilitie kwenye buti, barabara yetu ina mashimo. Njooni asubuhi jua likishapanda, mkono ukiwa umetulia. Mje na macho yenu na vidole vyenu, mimi nitawaambia, ninyi mtapanga. Na ulimi msiusahau.

Meza nimeshaifuta. Gundi nimeiloweka tangu jana jioni, mlipoondoka tu. Na chai safari hii nitaisimamia mwenyewe.